Kuli Aliyetengeneza Sinema

Leo tutasoma habari za Ousmane Sembène, mtu wa Senegali, nchi ya Afrika ya Magharibi.

Sembène alizaliwa mwaka 1923 katika mji wa Ziguinchor. Baba yake alikuwa mvuvi. Shule aliiacha angali kijana mdogo, akaenda Dakar kufanya kazi za mikono. Baada ya Vita Kuu ya Pili alikwenda Ufaransa, akawa kuli katika bandari ya Marseille. Kazi ilikuwa nzito, lakini kila alipopata nafasi alisoma vitabu vya maktaba ya chama cha wafanyakazi. Mwishowe akashika kalamu yeye mwenyewe. Riwaya yake ya kwanza, iliyohusu kuli mweusi, ilipigwa chapa mwaka 1956.

Lakini aliandika kwa Kifaransa. Wavuvi, makuli na akina mama wa sokoni aliowaeleza katika vitabu vyake, wengi wao hawakuweza kuvisoma. Basi Sembène akaazimu kuwapelekea habari kwa njia ya macho na masikio. Mwaka 1962, umri wake ukikaribia miaka 40, alikwenda Moscow kujifunza kutengeneza sinema. Hakuona haya kuwa mwanafunzi tena. Mwaka 1963 alitoa sinema fupi juu ya mwendesha gari la farasi mjini Dakar, aliyenyang'anywa gari lake na polisi.

Mwaka 1968 alitoa sinema iitwayo Mandabi, yaani hawala ya posta. Ndani yake watu husema Kiwolofu, lugha ya nyumbani. Sikilizeni kisa chake.

Mzee Ibrahima Dieng hana kazi, wala hajui kusoma. Mpwa wake aliye Paris amemletea hawala ya faranga 25,000. Mzee anakwenda posta. Anaambiwa alete kitambulisho. Kitambulisho hakipatikani bila cheti cha kuzaliwa na picha. Anazunguka ofisi hadi ofisi, na huku madeni yanaongezeka. Mwisho jamaa yake mmoja, mtu aliyesoma, anajitolea kumsaidia. Mzee anatia sahihi karatasi ya kumpa ruhusa ya kuzichukua fedha. Jamaa yule anazichukua, kisha anasema ameibiwa. Mzee anarudi nyumbani bila fedha za hawala yake.

Sasa fikirini, wanafunzi. Sembène alitengeneza sinema ili hata asiyejua kusoma apate kufahamu. Lakini sinema hiyo haikumwambia kwamba kusoma hakuna haja. Ilimwonyesha hasara yake waziwazi, kwa lugha yake mwenyewe. Sinema yaweza kumfumbua mtu macho; karatasi iliyo mbele yake, hana budi kuisoma mwenyewe.

Sembène aliendelea na kazi hiyo mpaka uzeeni. Sinema yake ya mwisho, Moolaadé, ilitoka mwaka 2004. Alifariki Dakar mwaka 2007.

Maswali ya kuzungumza darasani:
1. Kwa nini Sembène alikwenda kujifunza sinema?
2. Mzee Dieng alikosea wapi?
3. Je, wewe umewahi kutia sahihi karatasi usiyoielewa? Waeleze wenzako.

Kwaherini, mpaka somo lijalo.