Upweke Katika Theluji

Kati ya mwaka 1961 na 1964, Mmarekani Stan Brakhage alitengeneza Dog Star Man, filamu isiyo na sauti, yenye utangulizi na sehemu nne. Sehemu ya kwanza, ipatayo nusu saa, yaonyesha mtu mwenye shoka akikwea mlima wa theluji huko Colorado; hupanda, huanguka, akapanda tena. Mbwa wake tusipomhesabu, mtazamaji atadhani mtu yule hana mwenzi duniani. Lakini mkweaji ndiye Brakhage mwenyewe. Basi kamera ilikuwa mkononi mwa mwingine, mara nyingi mkewe, Jane, aliyesimama katika baridi ile ile. Mwaka 1992 filamu iliingizwa katika hifadhi ya taifa ya Marekani. Nyayo za Jane hazionekani thelujini.