Manhatta (filamu)

Manhatta ni filamu bubu fupi ya Marekani iliyotengenezwa mwaka 1920 na 1921 na mpiga picha Paul Strand (1890–1976) pamoja na mchoraji Charles Sheeler (1883–1965). Ina shoti 65 na huchukua takriban dakika 11. Jina lake limetokana na "Mannahatta", shairi la Walt Whitman (1819–1892) kuhusu jiji la New York.

Filamu hii haina mhusika mkuu wala kisa. Huanza kwa kivuko kinachokaribia Manhattan na abiria wanaomiminika nchi kavu. Baadaye huonekana mafundi wakijenga maghorofa, mvuke ukifuka mapaani, treni, Daraja la Brooklyn na meli kubwa Aquitania ikisindikizwa na boti za kuvutia meli. Humalizika jua likitua juu ya mto Hudson. Mpangilio huo huipa umbo la siku moja, ijapokuwa ilipigwa kwa siku nyingi tofauti.

Kamera kwa kawaida hutulia mahali pamoja. Kinachosogea ni watu, moshi na maji. Shoti nyingi zimepigwa kutoka juu ya majengo, hata wapita njia wakawa kama sisimizi barabarani. Kati ya picha huwekwa maandishi yenye mistari ya Whitman. Mshairi huyo hakufungwa na vina wala mizani. Mara nyingi alikitaja kitu kimoja baada ya kingine, na mrundikano huo ndio uliojenga mdundo wa shairi. Strand na Sheeler walifuata njia hiyohiyo: kila shoti husimama kama mshororo, na mtazamaji huachiwa kuunganisha.

Kazi nyingine za watengenezaji hawa zinahusiana nayo kwa karibu. Picha ya Strand iitwayo Wall Street (1915), ya watu wakipita chini ya madirisha makubwa meusi ya benki, ina mwangwi wake ndani ya filamu. Sheeler naye alichora Church Street El (1920) kutokana na picha mojawapo ya filamu hiyo.

Manhatta ilionyeshwa Julai 1921 katika ukumbi wa Rialto, New York, kwa jina New York the Magnificent, na mwaka 1923 mjini Paris katika tamasha la wasanii wa harakati ya sanaa iitwayo Dada. Mwaka 1995 iliingizwa katika Rejista ya Taifa ya Filamu ya Marekani, orodha ya filamu zinazostahili kuhifadhiwa.