Shtaka na Dai: Ugomvi wa Mali ya Jamaa katika Historia ya Sheria ya Tanganyika

Mtu afapo akaacha nyumba na shamba, ugomvi wa jamaa mara nyingi huanza kwa neno urithi ukaishia kwa neno wizi. Mjane aliyevuna kahawa ya marehemu mumewe hushtakiwa na shemeji zake. Mwana aliyeingia nyumba ya babaye huambiwa ameingia kwa jinai. Makala hii yakusudia kueleza jinsi shtaka na dai vilivyotengwa, na kwa nini jamaa huvichanganya.

Wizi ni neno la Kibantu, kutokana na iba. Maneno ya mahakamani, walakini, yametoka Uarabuni. Shtaki asili yake ni kulalamika tu. Dai ni kujitangazia haki. Na jinai mafakihi hulitumia hasa kwa kuua na kujeruhi. Neno hili la mwisho lilipotwaliwa kufasiri sheria ya Kiingereza, lilipanuka likafunika kila kosa ambalo Serikali humwadhibu mtu. Wizi katika fikihi una mlango wake, na kwa madhehebu ya Shafi, yafuatwayo na Waislamu wengi wa pwani, mzazi aliyetwaa mali ya mwanawe hakatwi mkono, wala mwana aliyetwaa ya mzazi, maana kati yao ipo shubha ya haki.

Sheria ya Kiingereza ilifikia karibu na hapo kwa njia nyingine. Tanganyika ilitumia Kanuni ya Adhabu ya Kihindi tangu 1920, hata mwaka 1930 ikaletwa kanuni iliyofuata mfano wa Queensland wa 1899, kazi ya Samuel Griffith. Humo mlikuwamo neno kubwa, ambalo leo ni kifungu cha 9 cha Kanuni ya Adhabu ya Tanzania Bara: atendaye jambo juu ya mali kwa kuamini kwa moyo safi kuwa ana haki nayo, bila nia ya kulaghai, hana jinai. Yafaa kuangalia kwamba sheria haimtaki awe na haki kweli. Yatosha aamini hivyo. Dai lililokosewa si wizi.

Basi kwa nini mashtaka hayakomi? Mabaraza ya wenyeji ya sheria ya 1929 yalisikiliza mambo yote mawili, na Mahakama za Mwanzo, zilizoanzishwa kwa sheria ya 1963, zikarithi desturi hiyo: hakimu yule yule husikiliza jinai na mirathi. Tena mdai hulipa ada na kungoja, bali mlalamikaji wa jinai huletewa mpinzani wake na polisi, naye huaibika mbele ya kijiji. Kadhalika Tangazo la Serikali Na. 436 la 1963, juu ya sheria za mila, lilimnyima mjane fungu la urithi ikiwa mumewe ameacha jamaa wa ukoo. Fungu lake ni kutunzwa na wanawe. Shemeji hupata nguvu hapo. Lakini hata mwenye kukosa urithi hageuki mwizi kwa kuamini kuwa anao.

Mahakama Kuu ilisema wazi, katika shauri lililochapishwa katika ripoti za 1992, kwamba shtaka la kuingia kwa jinai haliwezi kusimama ilhali umiliki wa ardhi haujaamuliwa kwa madai. Kwa hiyo anayeandika hati na anayeifasiri wana wajibu mmoja: kabla ya kuandika "ameiba", waulize kwanza kama mtu yule alisema "ni changu".