Umeumia Kidole? Hivi Ndivyo Jeraha Linavyopewa Msimbo Ukifika Zahanati

Mundu na vidole havipatani, na wanaovuna mpunga Kakese, Manispaa ya Mpanda, wanalijua hilo. Mtu anafika zahanati kidole kimefungwa kitambaa, anasafishwa, anashonwa nyuzi mbili tatu, anachomwa sindano ya pepopunda, anaondoka. Kwenye karatasi yanabaki maneno mawili: "jeraha kidole".

Maneno hayo hayatoshi, na tatizo linaanzia kwenye Kiswahili chetu wenyewe. Sisi tunasema kidole kwa mkono na kwa mguu. Orodha ya kimataifa ya magonjwa, ICD, inavitenga kabisa. Kidonda cha wazi kwenye kidole cha mkono kinaanza na S61, cha mguu kinaanza na S91. Anayeingiza taarifa kwenye kompyuta baadaye hakuuona mguu wala mkono wako, anasoma tu kilichoandikwa. Akikuta "kidole", atabahatisha.

Hata neno "mkono" lina mtego huohuo. Kwetu mkono unaanzia begani hadi kwenye kucha. Kwenye ICD-10, bega na sehemu ya juu ya mkono ni S40 hadi S49, kiwiko na chini yake ni S50 hadi S59, kifundo, kiganja na vidole ni S60 hadi S69. Kwa hiyo ukiulizwa umeumia wapi, usiseme "mkononi". Taja kidole chenyewe, na useme kama ni cha kulia au kushoto.

Toleo la 10 la orodha hii liliidhinishwa na Mkutano Mkuu wa Afya Duniani mwaka 1990. Mizizi yake ni ya zamani zaidi: orodha ya sababu za vifo iliyoandaliwa na Mfaransa Jacques Bertillon, ikapokelewa Chicago mwaka 1893. Ilianza kwa kuhesabu waliokufa, leo inahesabu mpaka kidole kilichobanwa na mlango.

Tukirudi kwenye kidole, swali la kwanza ni: ngozi imepasuka au haijapasuka? Kama umegonga tu na kimevimba, ni S60.0. Kama ngozi imekatika, ni S61.0. Swali la pili ni kucha. Watu wengi hawalitegemei, lakini ndilo linalobadilisha tarakimu ya mwisho. Kugongwa mpaka kucha ikaharibika ni S60.1, na kukatwa pamoja na kucha ni S61.1. Ukikatwa sehemu nyingi za kiganja na vidole kwa mara moja, ipo S61.7.

Kibanzi kilichoingia juujuu bila kuacha kidonda kikubwa kipo S60.8. Kidole kilichopondwa, tuseme kimebanwa kati ya vyuma viwili vya mashine, ni S67.0.

Halafu kuna "kimevunjika" na "kimeteguka". Mtaani tunayachanganya haya mawili. Mfupa ukivunjika, kidole gumba ni S62.5 na vidole vingine ni S62.6. Kiungo kikitoka mahali pake ni S63.1. Kikivutika tu bila kutoka ni S63.6. Bila picha ya eksirei mhudumu anaweza kushindwa kutofautisha, ndiyo maana wakati mwingine msimbo unabadilika baada ya picha kutoka. Hilo si kosa, ni kazi inavyotakiwa kufanyika.

Sasa, yapo maumivu ya kidole ambayo msimbo wake hauanzi na herufi S. Mdudu wa kidole, ule uvimbe wenye usaha pembeni ya kucha, anawekwa kwenye magonjwa ya ngozi, L03.0. Kuungua mkono au vidole ni T23, na tarakimu inayofuata inaeleza kina cha kuungua. Ukiumwa na nyoka kidoleni wakati unakata mpunga, jambo kubwa ni sumu, si tundu la jino, kwa hiyo inaandikwa T63.0.

Kinachosahaulika zaidi ni msimbo wa pili, wa chanzo. S61.0 inasema umekatika. Haisemi nini kimekukata. Vifaa vya mkono visivyo na injini, kama jembe na shoka, vipo W27. Kisu ni W26. Mashine za shambani ni W30. Mbwa akikung'ata ni W54, na hapo mhudumu anatakiwa afikirie kichaa cha mbwa hata kama kidonda ni kidogo kama punje. Nyuma ya msimbo huo kuna tarakimu ya mahali: 0 ni nyumbani, 4 ni barabarani, 7 ni shambani. Mkulima aliyejikata na mundu shambani anasomeka S61.0 pamoja na W27.7. Herufi chache tu, na mtu aliye Mpanda mjini au Dodoma anaelewa kilichotokea.

Na kama umekatwa na mtu? Usione aibu kusema. Kukatwa kwa makusudi na kitu chenye ncha kali ni X99, si W26. Ukisema "nilijikata" ili kumficha ndugu au mwenza, rekodi itasema ajali. Siku ukihitaji fomu ya polisi namba 3, ile PF3, maelezo yako na karatasi ya matibabu yatakuwa yanapingana.

Kwa aliyeajiriwa, tofauti hii ina pesa ndani yake. Sheria ya Fidia kwa Wafanyakazi ya mwaka 2008 ndiyo iliyoanzisha mfuko wa WCF, na mfuko huo unaangalia jeraha lililotokana na kazi na ulemavu uliobaki. Ncha ya kidole ikiwa imekatika ikaondoka, hiyo ni S68.1, na kidole gumba ni S68.0. Ikiandikwa S61.0 inasomeka kama kidonda kilichoshonwa kikapona. Kibarua wa mashine ya kukoboa ambaye hana kipande cha kidole ataanza kubishana na karatasi yake mwenyewe.

Mwenye kadi ya NHIF naye anasaini fomu ya madai. Isome kabla ya kusaini. Kama umepigwa picha ya mfupa na kushonwa, lakini ugonjwa ulioandikwa ni wa kugongwa tu, uliza palepale dirishani. Ni rahisi kurekebisha mgonjwa akiwa bado yupo.

Asiye na bima pia anahusika. Wagonjwa wa nje wanaandikwa kwenye kitabu namba 5 cha MTUHA, na takwimu zinapanda hadi kwenye mfumo wa DHIS2. Halmashauri inapopanga dawa na vifaa inategemea hesabu hizo. Majeraha ya msimu wa mavuno yakimezwa na neno "mengineyo", ni vigumu kwa yeyote kueleza kwa nini nyuzi za kushonea zimeisha mapema.

Toleo la 11 la ICD limeanza rasmi tarehe 1 Januari 2022, na humo majeraha ya kiganja na vidole yanaanza na NC5. Nchi zinahamia kwa kasi tofauti, kwa hiyo usishangae kukuta karatasi mbili zenye herufi tofauti kwa kidole kilekile.

Ukirudi kutoa nyuzi, hujaumia upya. Msimbo wa siku hiyo ni Z48.0, na kwenye kitabu unatakiwa uandikwe hudhurio la marudio. Nenda na karatasi ya mara ya kwanza.