Asili Isiwe Sifuri: Historia Fupi ya Dhana Inayotafuta Jina

Mtoto wa Iringo, mjini Musoma, amalizapo shule ya msingi huwa amekwisha kujifunza kwa Kiswahili kwamba sehemu ina kiasi juu na asili chini, na kwamba hakuna kugawanya kwa sifuri. Afikapo sekondari, kanuni hiyo hiyo humjia kwa Kiingereza, akadhani ni elimu ngeni. Makala haya yanakusudia kueleza chanzo cha pengo hilo na kupendekeza neno la kuliziba.

Neno sifuri limetoka katika Kiarabu, nalo huko lina maana ya utupu. Mwaka 628, Brahmagupta wa Uhindi aliandika kanuni za namba hiyo, akasema kwamba sifuri kwa sifuri ni sifuri. Wanahisabati waliofuata waliikataa kauli hiyo, kwani kugawanya ni kutafuta namba moja tu itakayorudisha hesabu ya kwanza ikizidishwa. Hakuna namba izidishwayo kwa sifuri ikaleta 12. Na ili kuleta sifuri, kila namba yafaa. Basi jibu moja halipatikani.

Mwaka 1967 Kiswahili kilifanywa lugha ya kufundishia katika shule za msingi, na mwaka huo huo Baraza la Kiswahili la Taifa likaundwa kwa sheria. Mwaka 1982 Tume ya Rais ya Elimu, chini ya uenyekiti wa Ndugu Jackson Makweta, ilipendekeza Kiswahili kianze kufundishia sekondari mwaka 1985. Pendekezo hilo halikutekelezwa. Kiasi na asili vikabaki mlangoni.

Tuchukue mfano. Watu x wa Iringo wameandikishana kukodi gari la kupeleka dagaa Bunda kwa shilingi 60,000. Kisha watatu wakajitoa. Kila aliyebaki atalipa 60,000 ÷ (x − 3). Ili kujua x yaweza kuwa namba zipi, twaitazama asili: x − 3 ni sifuri pale x ilipo 3. Kwa aljebra tupu, basi, kila namba halisi yakubaliwa isipokuwa 3. Kwa safari yetu, kwa kuwa x ni hesabu ya watu, zakubaliwa namba kamili kuanzia 4 tu.

Kundi hilo la namba zinazokubaliwa tuliite nini? Kiswahili kina neno la zamani, kikoa, yaani ushirika wa watu walao pamoja kwa zamu. Wataalamu wa kompyuta wamekwisha kulitumia kwa majina ya anwani za mtandao. Twaona lafaa hapa pia: namba iliyo katika kikoa cha fanksheni yakaribishwa mahali pa x, isiyokuwamo haikaribishwi.

Mwanafunzi yule hakukosa akili wala msingi. Alikosa daraja tu kati ya asili aliyoizoea na swali jipya. Hapana budi walimu na wanaistilahi walijenge pamoja.