Husuni Kubwa: Jumba la Sultani Mfanyabiashara

Msafiri Ibn Battuta alipofika Kilwa Kisiwani mwaka 1331, alisifu uzuri wa mji na ukarimu wa Sultani al-Hasan bin Sulaiman, aliyepewa lakabu ya Abu al-Mawahib kwa wingi wa zawadi zake. Fakiri kutoka Yemen alimwomba nguo alizozivaa. Sultani akazivua, akampa. Mrithi wake alipozikomboa nguo hizo kwa watumwa 10, sultani akaongeza wengine 10 na mizigo miwili ya pembe za ndovu. Wema huo, tusisahau, ulilipwa kwa miili ya watu.

Ajabu ni kwamba msafiri huyo hakutaja hata kidogo jumba ambalo sultani huyohuyo anahesabiwa kuwa ndiye mjenzi wake: Husuni Kubwa, juu ya jabali mashariki ya mji.

Hii haikuwa ngome ya vita. Lilikuwa jumba la fahari lenye vyumba zaidi ya 100, kumbi, ngazi za kuteremkia ufukweni, na bwawa la kuogea la pembe nane. Kuta ni za matumbawe yaliyoungwa kwa chokaa. Dari nyingi zilishikwa na boriti za mikoko, na kwa kuwa boriti hizo ni fupi, vyumba vikawa virefu na vyembamba. Palipotakiwa madoido zaidi, mafundi walijenga kuba. Tajiri wa dhahabu naye alibanwa na kimo cha mkoko!

Ila roho ya jengo iko kusini, kwenye uwanja mpana uliozungukwa na vyumba vidogo vinavyofanana, ambavyo wanaakiolojia wanavihusisha na bohari na biashara. Mfalme aliishi juu ya duka lake. Dhahabu ilitoka bara, ikapitia bandari ya Sofala, na Kilwa ikatoza ushuru. Sarafu ya shaba yenye jina la al-Hasan imepatikana hata Zimbabwe Kuu.

Jumba halikumalizika, wala halikukaliwa muda mrefu. Wareno walipouteka mji mwaka 1505, lilikwisha kuwa gofu zamani. Mwanaakiolojia Neville Chittick alilichimba miaka ya 1960, na mwaka 1981 magofu ya Kilwa na ya kisiwa jirani cha Songo Mnara yakaingia katika Urithi wa Dunia. Mmomonyoko na mimea viliyaharibu kiasi kwamba mwaka 2004 yakawekwa kwenye orodha ya urithi ulio hatarini. Ukarabati ukayaondoa humo mwaka 2014.