Kufuli la kompyuta na kesi ya Stockholm

Tarehe 31 Mei mwaka 2006, polisi wa Uswidi walivamia vyumba vya mitambo mjini Stockholm na kuchukua kompyuta za The Pirate Bay, mtandao uliowawezesha watu duniani kote kubadilishana mafaili bila idhini ya wenye haki miliki. Siku tatu baadaye, mtandao huo ulirejea hewani.

Kesi iliyofuata ilihusu muziki, filamu na michezo ya kompyuta. Hata hivyo, katika mitandao ya aina hiyo zilipatikana pia programu ndogo za kufungulia Windows bila leseni.

Kufuli lenyewe lilianza mwaka 2001. Windows XP, iliyotolewa mwezi Oktoba, ilimtaka mnunuzi aithibitishe kwa Microsoft katika muda wa siku 30. Makampuni makubwa yalisamehewa usumbufu huo kwa kupewa namba moja ya kutumia katika mashine nyingi. Namba moja ya aina hiyo ilivuja hata kabla programu haijaanza kuuzwa. Mlango ulioachwa wazi kwa wakubwa ukapitiwa na wadogo.

Tarehe 17 Aprili 2009, Mahakama ya Wilaya ya Stockholm iliwahukumu watu wanne kifungo cha mwaka mmoja kila mmoja, pamoja na fidia ya kroni milioni 30. Miezi miwili baadaye, Chama cha Maharamia cha Uswidi kilipata asilimia 7.1 ya kura za Bunge la Ulaya. Hukumu haikuumaliza mjadala.

Uswidi hiyo hiyo ilikuwa imekwishachangia jibu la namna nyingine. Desemba 2004, Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kwa ushirikiano na kampuni ya Kiswidi IT+46 kilizindua Jambo OpenOffice, programu ya kazi za ofisi kwa lugha ya Kiswahili. Kila mtu aliruhusiwa kuinakili na kumpa jirani yake. Pasipo kufuli, mvunja kufuli hana kazi.

Tarehe 8 Aprili 2014, Microsoft iliacha kuihudumia Windows XP kwa umma. Fundi akaondoka, kufuli likabaki. Tangu hapo, mwenye mashine kuukuu anayepokea ufunguo wa kificho humkabidhi mtu asiyemjua mamlaka yote juu ya kompyuta yake: barua, picha na hesabu za duka. Hana njia rahisi ya kujua kama aliyemfungulia mlango ametoka, au bado yumo ndani.